Fundi wa Gauni la Kijiko na Pindo Asilotaka Kulikata

Yai la kwanza linapasuka kabla chai haijapoa. Ute unachuruzika kutoka mfukoni, unapita juu ya aproni na kudondokea sakafuni, karibu na mguu wa cherehani. Fundi anautazama, anachukua kitambaa cha kupangusia, kisha anatoa yai la pili kwenye trei.

"Ruka tena," anasema.

Anayeambiwa aruke ni mtunza stoo, mwanamume mwenye kitambi cha kutosha na umri wa kuitwa babu, aliyefungwa aproni yenye mfuko wa majaribio. Anaruka. Sakafu ya mbao inalia. Safari hii yai linabaki zima, na mzee anajipapasa tumboni kama mtu aliyenusurika ajali.

"Nimeoa, nimesomesha, nina wajukuu," analalamika, "na asubuhi yote hii naruka na mayai mfukoni. Nikiulizwa nyumbani kazini nilikuwa nafanya nini, nijibu nini?"

"Jibu ulikuwa unatafuta riziki, mzee wangu," fundi anamwambia, na tayari ameshainama kwenye cherehani kupunguza mdomo wa mfuko.

Hapa ni karakana ya mavazi, chumba kirefu nyuma ya jengo linalotumika kupigia filamu. Pasi mbili hazipoi tangu asubuhi. Nguo zimetundikwa kwenye mabomba kuanzia mlangoni hadi dirishani, na harufu ya kitambaa kipya inamshika mgeni puani. Kwenye ukuta ulio nyuma ya cherehani kuna misumari iliyopangwa mstari, na kwenye kila msumari unaning'inia utepe.

Ni hizo tepe zilizompa fundi huyu jina. Hapa hakuna anayemwita kwa jina alilopewa na wazazi wake. Mkubwa kwa mdogo, wote wanamwita Mama Utepe.

Gauni lililo mezani ni la Kijiko. Mwenye mtoto nyumbani hahitaji kuelezwa Kijiko ni nani; asiye naye aelezwe kwa ufupi. Kuna vitabu vya watoto vinavyoitwa Kina Msumari, vinane kwa sasa. Baba wa familia hiyo ni fundi wa kila kitu, na kila kitu kizima akikigusa kinaharibika. Mama anaficha nyundo. Bibi anabishana na redio. Kuna bata aliyenunuliwa ili aliwe, akaishia kulala kitandani kwa wenye nyumba. Kitinda mimba wao ni Kijiko, mtoto wa miaka saba mwenye gauni refu la mifuko mingi, na chochote kinachotafutwa nyumba nzima, kuanzia mwiko na mayai mabichi hadi meno ya bandia ya bibi, kinatoka mfukoni mwake.

Filamu ya kwanza ilitoka miaka minne iliyopita. Watu wazima waliopeleka watoto wakaonekana wakirudi wiki iliyofuata bila watoto. Sasa inapigwa ya pili, ambamo kina Msumari wanahamia ghorofani na bata wao wanamwingiza kwenye lifti kwa siri.

Tatizo ni moja. Kisa cha filamu ya pili kinaanza asubuhi ya siku iliyofuata baada ya ile ya kwanza kwisha. Vitabuni Kijiko hakui. Kitabu cha kwanza ana miaka saba, na cha nane bado ana miaka saba. Lakini mtoto anayemwigiza ni mtoto wa kweli, anakula na kulala kama wenzake, na miaka minne haikumsubiri.

"Siku aliyoingia hapa mlangoni nilimpisha," anasema mtunza stoo. "Nilidhani ni mgeni. Nikamuuliza, dada, unamtafuta nani?"

Kwa hiyo Mama Utepe amepewa kazi ambayo haipo kwenye darasa lolote la ushonaji. Anamshonea mtoto wa miaka kumi na mmoja gauni litakalomfanya aonekane wa saba. Kitambaa cha kijani chenye maua meupe kimechapishwa upya, maua yakiwa makubwa kuliko ya zamani. Vifungo vimekuwa vipana kama biskuti. Kola imetanuliwa, mifuko imeshushwa, mabega yamelegezwa.

"Jicho likiona kifungo kikubwa, mtoto anapungua," anaeleza huku akikishika kimoja juu ya kifua chake mwenyewe kuonyesha. "Ua likiwa kubwa, mtoto anapungua. Mfuko ukishuka, mikono yake inaonekana mifupi. Kazi yangu ni kumrudisha nyuma mtoto wa watu."

Anakiweka kifungo chini. Anatafuta uzi wa rangi yake kwenye kopo, na haupati haraka.

"Wangu mimi anakwenda mbele," anasema, "na simuoni."

Wake ni Kidoti. Ndivyo alivyoitwa tangu akiwa mchanga, kwa sababu alizaliwa kadogo mno, na jina likamganda. Ana miaka kumi na mmoja sasa. Anaishi kwa shangazi yake, dada wa marehemu baba yake, katika nchi ya jirani, safari ya siku mbili kwa basi kwa aliyebahatika basi lisiharibike njiani.

Wakati wa filamu ya kwanza alikuwa hapa hapa karakana. Baba yake alikuwa ameshafariki, na Mama Utepe hakuwa na wa kumwachia mtoto. Akawa anakuja naye kazini na kumkalisha chini ya meza ya kukatia, ambako alichezea vipande vya vitambaa mpaka usingizi umchukue.

Mtoto aliyeigiza Kijiko alikuwa shuleni asubuhi na hakupatikana kila gauni lilipohitaji kujaribiwa. Siku moja mkuu wa mavazi alichungulia chini ya meza, akamvuta Kidoti mkono, akamsimamisha juu ya kigoda. Wale watoto wawili walikuwa kimo kimoja, bega kwa bega. Kuanzia hapo gauni la Kijiko lilipimwa kwa Kidoti.

"Alikuwa anasimama kama askari," mama yake anakumbuka. "Nilimwambia usitikisike, basi hata kupepesa macho hapepesi. Tulimtia mayai mifuko yote, akaambiwa atembee. Yalipopasuka alicheka mpaka akakaa chini, yakapasuka na yaliyobaki."

Tepe zina maelezo yake. Mama Utepe anayo futi ya fundi kama mafundi wote, na anaitumia kwenye kifua na kiuno. Lakini urefu anaupima kwa namna aliyofundishwa na mama yake mzazi. Anasimamisha mtu, anashika utepe begani, anauachia ushuke mpaka sakafuni, anakata. Utepe huo unakwenda kwenye msumari wa mwenyewe na kukaa hapo mpaka kazi iishe. Gauni la Kijiko linaishia kwenye vifundo vya miguu, kwa hiyo anautandaza utepe mezani, anapunguza upana wa kiganja, anakata kitambaa.

"Futi ina namba, na namba mtu anaweza kuisikia vibaya, au akaiandika vibaya," anasema. "Utepe haudanganyi. Ule ni mtu mwenyewe amening'inia pale."

Filamu ya kwanza ilipokwisha, kazi nayo ikaisha. Ujira wake ulilipa kodi ya miezi sita na sare ya shule, ukakoma hapo. Mama Utepe alirudi kushona mashuka na mapazia ya watu kwenye kibaraza cha chumba alichopanga, na zipo wiki ambazo hakuna aliyeleta hata suruali ya kupunguza. Ndipo wifi yake alipopiga simu.

"Aliniambia, wifi, nipe mtoto asome huku mwaka mmoja, ukijipanga utamchukua. Sikuona ubaya. Ni damu yao, na yeye hana roho mbaya hata kidogo. Anamlea kama wake. Nikamfunga mtoto begi, nikamvalisha sweta, nikampeleka stendi."

Mwaka mmoja ukazaa wa pili. Mama Utepe akipata muda wa kusafiri, mfukoni hamna nauli. Nauli ikipatikana, kazi imeingia na haiachiki. Kwenye simu ya picha, Kidoti hushika simu vibaya, kwa hiyo kwa miaka minne mama huyu amekuwa akizungumza na paji la uso la binti yake na kipande cha dari.

"Nalijua lile dari kuliko la kwangu," anasema, na anacheka kidogo.

Kuna jambo moja ambalo hakulisema siku ya kwanza tulipokutana. Alilisema siku ya tatu, akiwa anapiga pasi na amegeuza mgongo. Mwaka jana, katikati ya maongezi, alimuuliza Kidoti kama sweta bado linamtosha. Mtoto akajibu, "Ngoja nimuulize mama liko wapi." Halafu mtoto akasema upesi, "Shangazi. Nilitaka kusema shangazi."

"Nikamwambia, haya, muulize," anasema Mama Utepe. "Sikumkaripia, angekaripiwa kwa kosa gani? Nilipokata simu nilikaa pale pale kitandani. Nilikuwa na pazia la mtu la kumalizia siku hiyo, na sikulimaliza."

Pasi ilikuwa imesimama mahali pamoja muda mrefu kuliko inavyotakiwa. Mtunza stoo ndiye aliyekuja kuinyanyua.

Ndiyo maana filamu hii ya pili si kibarua tu kwake. Mkuu wa mavazi, ambaye wote wanamwita Mama Pini kwa sababu kola yake haikosi pini hata akienda msibani, amemwambia kuwa vitabu tayari ni vinane, na watu wakipenda filamu ya pili, karakana itahitaji fundi wa kudumu. Mshahara wa kila mwezi, kazi ya mwaka mzima. Na wifi yake ameshasema, kwa heshima zote, kwamba mtoto si kifurushi cha kutumwa huku na kurudishwa kule. Siku mama yake akiwa na kazi ya kueleweka, Kidoti atarudi.

Kidoti mwenyewe hana subira hiyo. Kila likizo anauliza kwa nini asipande basi peke yake, na kila likizo mama anajibu jibu lile lile: wewe bado mdogo, ukikua utapanda.

"Mimi najua nimwambie hivyo mpaka lini?" anauliza Mama Utepe. "Kwenye akili yangu bado ni yule wa kwenye kigoda."

Miezi miwili iliyopita aliomba kitu. Alimsikia jirani mmoja anasafiri kwenda mji anakoishi Kidoti kwa siku chache, akamwomba wifi yake amsimamishe Kidoti ukutani, ampime kwa utepe kuanzia begani mpaka sakafuni, aukate, ampe jirani amletee. Hakuwa na nguo ya kushona. Alitaka kuuona tu.

Utepe ulifika asubuhi moja, umeviringishwa ndani ya karatasi ya daftari la shule. Aliupitia kwa jirani akiwa njiani kuja kazini. Alipoingia karakana aliukunjua, akaushikilia juu ya msumari mmoja, ukashuka ukutani ukashuka tena. Alisimama mbele yake. Mtunza stoo anasema alimsalimia mara mbili na hakuitikiwa.

"Niliuona mrefu," anasema Mama Utepe. "Nikasogea, nikajipima nao, bega lake na langu. Nikasema, Mungu wangu, huyu ni nani?"

Msumari aliouning'inizia ulikuwa wa Kijiko. Hakufanya makusudi, miaka minne nyuma utepe wa Kidoti ulikaa hapo, na mkono ulikwenda wenyewe. Utepe mpya wa yule mtoto wa filamu, aliyepimwa siku mbili kabla, ulikuwa kwenye msumari huo huo, nyuma. Zote mbili nyeupe, kwa sababu ndizo tepe rahisi kila duka.

Mchana Mama Pini aliingia na kitambaa kipya cha maua makubwa, akasema lile gauni linatakiwa keshokutwa. Mama Utepe alinyoosha mkono msumarini bila kutazama, kama alivyofanya mara mia wakati ule. Akatandaza utepe, akapunguza kiganja, akakata.

Siku ya kujaribu, chumba kilijaa. Alikuwapo mwongozaji wa filamu, alikuwapo mpiga picha, alikuwapo mama wa yule mtoto na mkoba wake. Mtoto akaingia nyuma ya pazia na kutoka amevaa. Juu kila kitu kilikaa sawa. Vifungo vilimpunguza, kola ilimpunguza, mwongozaji akaanza kutabasamu. Halafu macho ya watu yakashuka chini, na miguu ya mtoto haikuonekana.

Akaambiwa atembee. Alipiga hatua mbili, akakanyaga gauni, akaanguka kwa viganja. Kwa kuwa ni mtoto mcheshi alibaki pale chini na kutoa yai mfukoni, zima, akalinyanyua juu. Wote wakacheka. Mama Pini hakucheka.

Alikwenda ukutani, akashusha utepe, akakuta zipo mbili. Akazishika pamoja, mmoja ukaupita mwenzake kwa zaidi ya kiganja. Akamgeukia fundi wake.

"Umempima nani?"

Mama Utepe anasema angeweza kudanganya. Angesema kitambaa kilivutika kwenye pasi, angesema alisikia vibaya, watu wangesahau. Mdomo ulikataa.

"Nimempima wangu," alijibu.

Kicheko kikaisha chumbani. Mwongozaji aliangalia saa yake ingawa hakuwa na haraka. Mama wa mtoto wa filamu akamvuta binti yake karibu na kumtengeneza kola iliyokuwa imekaa vizuri.

"Watu waliona nimeharibu gauni," Mama Utepe anasimulia. Anasimulia polepole, macho kwenye mikono yake. "Mimi nilikuwa naangalia kile kitambaa kilicholala sakafuni. Nikasema, kumbe kafika hapa. Tangu pale kwenye vifundo vya huyu mpaka huku chini, yote hiyo ni Kidoti, na mimi sikuwepo. Nilitamani kulia, na nilikuwa na furaha. Sijui kama unanielewa."

Mama Pini alichukua mkasi mezani akampa. Gauni ni la kukatwa, alisema, pindo nene litalifanya lisimame kama kengele, na kamera inaona kila kitu. Mama Utepe aliupokea mkasi. Akapiga magoti mbele ya mtoto, akashika kitambaa, na hapo akakaa.

"Mama, niruhusu nilikunje," alisema akiwa pale chini.

"Ulikunje ya nini? Nani atalikunjua?"

"Nitalikunjua mwenyewe."

Wanaomfahamu Mama Pini wanasema hajawahi kubadili neno mbele ya watu. Hata siku hiyo hakubadili. Alichomoa pini kwenye kola yake, akaiangalia, akairudisha.

"Kesho asubuhi mtoto huyu atapanda na kushuka ngazi na gauni hilo," alisema. "Nikiona pindo, nalikata mimi mwenyewe, na cherehani yako nampa mwingine."

Akatoka. Wengine wakamfuata mmoja mmoja. Mtoto wa filamu ndiye aliyebaki nyuma, akauliza kama huyo mtoto mwingine ndiye yule aliyekuwa anakaa chini ya meza. Alipoambiwa ndiye, akasema, "Alinipa vifungo. Bado ninavyo."

Mchana ule wote Mama Utepe alishona kwa mkono. Alilikunja pindo mara mbili, akalipiga bandi, ule mshono wa muda, kwa uzi mmoja mwembamba, kila mshono ukishika nyuzi chache tu za kitambaa ili upande wa nje kisionekane kitu. Sehemu za mikunjo alizipishanisha zisikutane mahali pamoja. Mtunza stoo alimletea chakula, kikapoa. Akamletea chai, akainywa baridi.

Asubuhi yake mtoto alipanda ngazi, akashuka, akapanda tena akikimbia. Gauni lilimfuata vizuri. Kwa kweli ule uzito wa chini ulilituliza, mayai yakakaa mahali pake. Mama Pini alisimama chini ya ngazi amekunja mikono tangu mwanzo hadi mwisho, kisha akaenda kunywa chai. Kwa anayemjua, hiyo ni barua ya pongezi.

Alipoulizwa na mwandishi wa makala haya kama kosa lile limeharibu nafasi ya fundi wake, alijibu kwa kifupi. "Anayekosea na anajua kwa nini amekosea, huyo simwogopi. Kazi itaamua. Na lile gauni likishamaliza kazi yake hapa, nimeshamwambia alichukue. Nani mwingine atalivaa?"

Basi hilo ndilo analongoja Mama Utepe. Upigaji wa filamu unamalizika wiki chache kabla ya likizo ya mwisho wa mwaka. Atachukua gauni, atakata ule uzi mmoja, atalikunjua pindo, atalipiga pasi alama ya mkunjo itoke. Anajua Kidoti ni mkubwa sasa kwa gauni la maua na vifungo vya biskuti, huenda akalivaa mara moja tu, ndani ya nyumba, kwa kumfurahisha mama yake. Mara moja inamtosha.

Anachoogopa ni kwamba likizo iko mbali na mtoto hasimami kukua. Kila jioni akirudi nyumbani anasimama mbele ya ule utepe. Sasa ameuhamishia chumbani kwake, kwenye msumari uliokuwa wa kalenda, akiogopa kuuchanganya tena. Chumba kina kitanda, cherehani na sanduku moja. Usiku kabla hajazima taa anausogeza kidogo ili usiguswe na mlango.

"Nikiwa napita hapa napunguza mwendo," anasema. "Utadhani kuna mtu amesimama."

Jumapili, mwandishi alipokuwa chumbani humo kumuaga, simu iliita. Lilikuwa dari, kisha paji la uso.

"Mama, shikamoo."

"Marahaba, mama. Umekula?"

"Nimekula. Mama, na lile gauni, Kijiko amelivaa?"

Mama Utepe alimweleza yote kwa mara ya kwanza: namna alivyochukua utepe usio wa Kijiko, namna mtoto wa filamu alivyojikwaa na yai halikupasuka, namna pindo lilivyokunjwa. Alimwambia kuwa gauni lile lina urefu wake yeye, ndani kabisa, na kwamba kila Kijiko akipita kwenye kamera, Kidoti anapita naye. Alidhani mtoto atacheka. Upande wa pili dari likatikisika.

"Mama," sauti ikasema, imepungua. "Usikasirike."

"Nikasirikie nini?"

"Ule utepe. Shangazi alipokuwa anapima..." Akasita. "Nilisimama kwa vidole. Nilinyanyua visigino."

Nyuma yake ikasikika sauti ya mwanamke. "Wifi, nilimwambia ashushe. Nikainama kukata, kumbe kanyanyua tena. Mtoto huyu ana mambo."

"Kwa nini ulifanya hivyo?" aliuliza mama.

"Ulisema nikikua nitapanda basi. Nikaona ukiniona mrefu, utasema nije."

Mama Utepe aligeuka akautazama utepe ukutani, ule aliosimama mbele yake kila jioni, aliojipima nao bega kwa bega, ambao kwa ajili yake alikataa mkasi mbele ya watu wote. Akaenda akaushika ncha ya chini, pale unapogusa sakafu, akauinua kwa vidole viwili, kiasi cha visigino vya mtoto kunyanyuka. Hakujua ni kiasi gani. Akauachia.

Kisha akaanza kucheka, na kicheko kikamfikisha kwenye machozi, akayapangusa kwa kiganja na kuisogeza simu karibu na uso ili mtoto amwone vizuri.

"Mama, umekasirika?"

"Sikukasirika."

"Sasa utajuaje nina urefu gani?"

"Sijui," alisema. "Sitajua. Likizo ikifika, ukiwa mrefu ukiwa mfupi, panda basi uje. Usimame hapa mbele yangu, visigino chini, nikupime mwenyewe."